Mlezi wa Mitihani Iliyosogezwa

Mlezi hakuchelewa popote. Msiba ukitangazwa, utamkuta ameshafika, amekaa kwenye kiti cha plastiki, mwavuli umelala juu ya magoti, na wachimba kaburi bado wanaulizana majembe yako kwa nani. Harusi ndiyo usiseme. Siku anaolewa binti wa dada yake, kule Kisarawe, bwana harusi alichelewa kwa sababu gari lao lilipata pancha njiani. Tumekaa, pilau linanukia, watoto wanalia njaa. Mlezi akasimama, akaitazama saa yake, akamwambia shehe mbele za watu, "Shehe wangu, sasa tuulize kama kuna kijana mwingine aliye tayari." Tulicheka mpaka wanawake wa ndani wakachungulia kuona kuna nini. Yeye hakucheka. Bwana harusi alipoingia, jasho linamtiririka, Mlezi alimpa mkono akamwambia, "Karibu, lakini umetudhulumu."

Neno dhuluma nililisikia tangu utotoni, kwenye mawaidha ya Ijumaa. Nilidhani ni kula mali ya yatima au kusogeza mpaka wa shamba. Kwamba kumweka mtu akingoja nako ni dhuluma, hilo nilifundishwa na Mlezi siku ile, pilau likipoa. Ndiyo maana nasema haya niyaandikayo Mlezi hakuyafanya kwa kutojua. Angekuwa hajui, ningeshasahau.

Tulimwita Mlezi kwa sababu ndiyo kazi chuo kilimpa: mlezi wa wanafunzi, kwenye tawi la chuo kikuu lililokuwa hapa Kibaha. Siku hizi jengo lile ni ghala la mabati, ukipita husomi kitu ukutani. Mwanafunzi akiugua, akikosa pa kulala, akigombana na mwalimu, anakwenda kwa Mlezi. Na mwaka wa kwanza alikuwa akiwafundisha yeye mwenyewe somo la haki na wajibu, maana alisomea sheria. Jina likatoka chuoni likamfuata mtaani. Hata muuza nazi wa Kongowe alikuwa akimwita Mlezi, naye hana mtoto chuoni wala hajui chuo kinafanana vipi.

Mimi ni fundi wa kuchomea, mageti na madirisha, pale Visiga. Shule yangu iliishia darasa la saba. Nilimjua Mlezi kwa geti. Aliniagiza geti la nyumba yake, tukakubaliana Jumamosi. Jumamosi asubuhi umeme ukakatika. Mafundi wote tumekaa vibarazani tunapiga soga, namwona huyo anakuja na mwavuli wake, jua kali, mawingu hakuna.

"Fundi, geti."

"Mlezi, si unaona umeme hakuna?"

"Naona. Ulijua jana jioni kwamba utakatika?"

"Walitangaza, ndiyo."

"Basi jana jioni ndiyo ulipaswa kuniambia. Si leo mpaka nije nikuulize. Ukisema Jumamosi umeahidi, na ahadi ni mkataba hata kama hatukuandika. Ukishindwa, unaniambia umeshindwa, unaniambia kwa nini, na unaniambia lini. Matatu hayo. Usiponiambia, nina haki ya kwenda kulalamika juu yako."

Wenzangu wakaanza kunicheka. "Haya Fundi, umeshtakiwa!" Nilimwomba radhi, na geti nililipeleka Jumapili nikalifunga mwenyewe. Lakini yale matatu niliyashika. Mpaka leo mteja wangu akikaa anangoja, namwambia nimeshindwa, kwa nini, na lini. Sheria yangu yote niliyosoma duniani ndiyo hiyo, na mwalimu wangu ni huyo.

Nisimsingizie. Alikuwa na moyo. Kuna binti wa mwaka wa pili uchungu ulimshika bwenini, mvua imefunga barabara, dereva wa chuo hapatikani. Mlezi alimpakia kwenye gari lake mwenyewe, kiti cha mbele kikalowa, akampeleka hospitali kule Tumbi. Muuguzi akamuuliza, "Wewe ni nani wake, mzee?" Akasema, "Mlezi." Muuguzi akasema, "Baba mlezi?" Akajibu, "Andika hivyo hivyo, dada, uchungu hausubiri sarufi." Akakaa kwenye benchi mpaka mtoto akalia. Binti mwenyewe ndiye alikuwa akitusimulia, na mtoto wake sasa ni mkubwa.

Alikuwa anapenda Kiswahili kisafi. Ukisema "nimekuja kukuona mara moja" anakuuliza, "Mara moja ndiyo mwisho?" Chai alikunywa bila sukari, lakini wewe mgeni atakujazia vijiko mpaka ukatae kwa mkono. Alifunga Jumatatu na Alhamisi. Na alikuwa na misemo yake aliyoitunga mwenyewe. Uliopendwa na wanafunzi ni huu: "Sheria ni uzio wa michongoma, mwenye haraka huchanika." Mwanangu Rehema aliuandika ndani ya jalada la daftari lake la kwanza. Akitusomea nyumbani tunamwambia, eti huyo mwalimu wenu ana maneno, na yeye anachekelea kama vile ni ya kwake.

Rehema alikuwa anasomea ualimu, Jiografia na Kiswahili. Alijitolea kufundisha likizo kwenye shule moja ya sekondari kule Kisarawe, na mkuu wa shule, mama mmoja mnene mwenye sauti ya muadhini, akampenda. Akamwambia, "Wewe maliza, njoo na cheti, kipindi chako nimekushikia." Kilichobaki kilikuwa ni mitihani ya mwisho tu. Mitihani, basi. Mtoto amesoma miaka yake yote, anaomba apewe karatasi za maswali akae ajibu.

Mitihani haikufanyika. Nitawataja sasa. Mkuu wa tawi alikuwa Dokta Lusingu. Afisa mitihani alikuwa Kapinga. Ile kozi ithibati yake ilikuwa imekwisha, yaani ruhusa ya kuifundisha na kuitahini, na Dokta Lusingu alijua, akaendelea kupokea watoto wetu. Kapinga naye alijua hawezi kupeleka maswali kwa watahini wa nje, akanyamaza. Hao wawili ndio waliokaanga. Aliyetuletea sahani mezani, akatuambia kuleni polepole, ni Mlezi.

Alituletea neno. Neno lenyewe ni kusogeza.

Sisi wa huku tunalitumia kutwa. Sogea nikae. Sogeza sufuria hiyo. Kitu kilichosogezwa hakijaondoka, kipo palepale, ukinyoosha mkono unakipata. Mlezi, yule yule aliyewakosoa watu kwa neno moja, akasimama mbele ya wanafunzi akasema, "Mitihani imesogezwa." Hakusema imeahirishwa. Hakusema imesimamishwa. Rehema akarudi nyumbani hana wasiwasi: "Baba, imesogezwa kidogo." Muhula ukaisha. Imesogezwa. Ukaja mwingine. Imesogezwa tena. Yale matatu aliyonifundisha mimi kwa geti la chuma, kwamba umeshindwa, kwa nini, na lini, hakumpa hata mtoto mmoja.

Wazazi tukaanza kuulizana. Tukakutana kwenye karakana yangu, maana ina kivuli na mabenchi. Alikuja wakili mmoja wa kike kutoka kituo cha msaada wa kisheria, binti mdogo tu, tukawa tunamwita Dada Wakili. Akatueleza vizuri mpaka mimi nikaelewa. Alisema chuo kikishampokea mwanafunzi kimeingia naye mkataba, na kalenda ya masomo ni sehemu ya huo mkataba. Chuo kinaweza kuahirisha mitihani, lakini lazima kimwambie mwanafunzi rasmi na kimpe sababu, na mwanafunzi ana haki ya kusikilizwa na kulalamika, kwanza ndani ya chuo, kisha kwenye Tume inayosimamia vyuo. "Lakini haki hiyo ina muda," akasema. "Kanuni zao zinataka mlalamike ndani ya muhula uleule. Twendeni sasa hivi."

Tukakubaliana twende. Kesho yake, wakati tunajipanga, Mlezi akaja. Kwa wakati, kama kawaida. Akakaa, akaomba maji, akatutazama mmoja mmoja.

"Wazazi wenzangu," akasema, "mnataka kumshtaki anayewapikia. Mkishamshtaki mtakula wapi? Hivi vitu mimi navijua. Mkienda kwa Tume leo, chuo kitawekwa kufuli na watoto watakosa vyote. Niachieni mimi. Nipo ndani, nalisimamia. Mitihani imesogezwa tu."

Kulikuwa na mzee mmoja mfugaji, watu wake walitoka kanda ya ziwa, ana kijana wake kwenye darasa la Rehema. Akainua fimbo yake kidogo, akasema, "Mlezi, mimi ng'ombe wangu akipitisha siku zake za kuzaa namwita daktari. Siwaambii watu amesogea."

Mlezi akamjibu palepale, "Mzee wangu, mtoto si ng'ombe."

Watu wakacheka. Wakamcheka yule mzee, wakamwona mshamba wa porini. Na kile kicheko ndicho kilichotumaliza, kwa sababu mtu akishachekwa hana tena wa kumfuata. Mzee akavuta shuka lake, akatoka. Dada Wakili akawatazama wazazi, akauliza, "Kwa hiyo?" Wazazi wakasema, tumsikilize Mlezi, huyu ni mtu wa sheria tena ni mtu wetu. Na kweli ni mtu wetu. Kama angekuja Lusingu tungemfukuza kwa nyundo. Ndiyo maana hawakumtuma Lusingu.

Sasa ngojeni niwape na kituko cha Kisarawe, maana hata kwao walimwambia. Kulikuwa na ngoma ya kumtoa mwali, binti wa jamaa zetu. Wazaramo tunajua: binti akivunja ungo anawekwa ndani, anafundwa, na siku yake ikifika anatolewa nje kwa ngoma na vigelegele, watu wamwone amekuwa mtu mzima. Mlezi naye alikuwepo, na alikuwepo shangazi yake, bibi mmoja mfupi asiyeogopa mtu. Akamwona mpwa wake amekaa na wakubwa, akamwita kwa sauti.

"We Mlezi! Nasikia huko Kibaha umefungia wali ndani na hawatoki!"

"Shangazi, ni wanafunzi, si wali."

"Wamefundwa, hawakufundwa?"

"Wamefundwa."

"Sasa wanangoja nini ndani? Mwali asiyetolewa anaharibika. Hata wali wa kula ukiusahau jikoni unashika ukoko!"

Wanawake wakapiga vigelegele, mmoja akaanza kuutungia wimbo hapo hapo: wali wa Mlezi, wali umeungua. Mlezi akajicheka pamoja nao, akampa shangazi mkono, akambusu kiganja. Mimi nikamwangalia nikasema moyoni, mtu anayeweza kuchekwa namna hii na asikasirike hana ubaya. Ndivyo nilivyofikiri. Sikujua kwamba kuna watu hawakasiriki kwa sababu hesabu yao wameshaimaliza.

Kwenye shule ile ya Kisarawe mkuu akamwita Rehema. "Mwanangu, bodi wamenichosha. Kipindi nimekushikia mpaka maneno yameniisha." Akaajiriwa mwingine, kijana mmoja mpole, hana kosa. Rehema alirudi nyumbani akaniambia kwa sauti ya kawaida kabisa, kisha akaingia kufua, akafua mpaka vilivyokuwa visafi.

Baadaye likatoka tangazo: kozi imefutwa, anayetaka aanze upya kozi nyingine. Hapo ndipo tukaenda kulalamika, wachache tuliobaki. Tulikaribishwa ofisini, Lusingu kwenye kiti chake, Kapinga pembeni, na Mlezi karibu na dirisha. Kapinga hata hakututazama vizuri.

"Malalamiko yenu yamepitwa na muda," akasema. "Muda ulianza kuhesabiwa siku mitihani ilipoahirishwa."

Rehema akasema, "Lakini haikuahirishwa. Tuliambiwa imesogezwa."

Kapinga akacheka. "Binti, kwenye kanuni hakuna kusogeza. Hebu nionyeshe kifungu cha kusogeza."

Na Lusingu, bwana yule hana haya, akaongeza kama mtu anayemsifu mpishi: "Kusogeza ni lugha ya kuwatuliza. Tena ni huyo huyo Mlezi wenu aliyetupatia. Sisi tulitaka kuandika kuahirisha, akasema hapana, mkiandika hivyo kesho wako kwa Tume."

Nikamgeukia. Alikuwa anafuta miwani yake kwa ncha ya shati.

"Mlezi?"

"Fundi, tutazungumza nje."

Nje hatukuzungumza. Alisema adhuhuri imekaribia na yeye swala haimpiti. Akafungua mwavuli, akaenda zake msikitini, hatua zake zile zile za mtu asiyechelewa. Nilibaki nimesimama na Rehema. Sikuwa na hasira na Lusingu, nawaambia kweli. Lusingu ni fisi, ukimkuta kwenye mzoga utamlaumu nini? Lakini yule mwingine nilimfungia geti kwa mikono yangu, nikanywa chai yake. Alituchukulia haki tuliyokuwa nayo mkononi, akatuambia anatushikia.

Wazazi tulikuwa wengi. Yule mzee mfugaji amefariki. Wengine wamehama, wengine ukiwagusia wanasema mwachie Mungu. Rehema hakuacha. Anafundisha watoto wadogo kwenye kibaraza chetu, na kila akipata nafasi anakwenda kwa Dada Wakili. Anachotaka ni kimoja tu: Tume iamuru makao makuu ya chuo yawafanyie mitihani wale waliobaki. Mtu na akili zake anapigania kufanyiwa mtihani. Dada Wakili akamwambia, "Tunaweza kupokelewa nje ya muda tukionyesha kwamba mlizuiwa kulalamika mapema. Anayeweza kusema mlizuiwa ni yule aliyewazuia."

Kwa hiyo mwezi uliopita tukamfuata Kisarawe. Amestaafu, amejenga kwenye shamba la mzee wake, mananasi upande huu, mikorosho upande ule. Amezeeka haraka. Rehema akamwamkia, "Shikamoo Mlezi," akaitikia marahaba kwa furaha ya kweli, akaagiza chai, akamkatia nanasi kwa mkono wake mwenyewe. Tukala. Ndipo nikamwambia shida yetu: twende naye kwa Tume, aseme sentensi moja tu, kwamba yeye alituambia tusilalamike, na aliagizwa.

Akakifuta kisu cha nanasi. Kisha akasema, "Ni kweli. Niliagizwa, na neno nililitafuta mimi. Nilijua muda unakwenda."

Sikutegemea. Nilijiandaa kubishana, sikujiandaa kwa ndiyo.

"Basi twende ukaseme," nikamwambia.

"Siwezi, Fundi." Akaishusha sauti kama tunaye mgonjwa ndani. "Kijana wangu wa mwisho sasa anafundisha makao makuu ya chuo kile kile. Wale niliowatumikia ndio wakubwa zake. Nikisimama mbele ya Tume nikawataja, yeye kesho atafundisha wapi? Wewe ni mzazi. Unanielewa."

Na nilimwelewa, Mungu ananiona. Hicho ndicho kilichoniuma kuliko vyote, kwamba nilimwelewa.

Rehema akaweka chini kipande chake cha nanasi. "Basi, Mlezi, nitaandika kwamba leo tulikuja, tukakuuliza, na ulivyotujibu. Baba ni shahidi."

Yule mzee akainua uso. Nilidhani atakasirika. Badala yake macho yakamng'aa, macho ya mwalimu ambaye mwanafunzi wake amepata. "Vizuri," akasema. "Anza na tarehe na mahali, kisha nani walikuwepo, kisha maneno yenyewe, usiyapambe." Alikuwa ameanza hata kuhesabu kwa vidole. Halafu akakumbuka nani anafundishwa na kwa nini. Mkono ukashuka. "Ila kijana wangu," akamwambia, "nakuomba usimtaje."

Tulitoka tukapita kwenye mikorosho, Rehema mbele, mimi nyuma. Hakulia. Alipofika barabarani akaniuliza, "Baba, nimtaje?"

Nikamwambia, kwa Tume andika kila kitu, majina yote, haki yako haina adabu ya kuficha mtu. Ameshaandika, na Dada Wakili ameshapeleka. Tunangoja.

Lakini haya ninayoyaandika mimi ni mengine, yatasomwa na kila mtu. Lusingu nimemtaja. Kapinga nimemtaja, na wakinuna karakana yangu wanaijua. Mlezi jina lake sikuliandika, kwa sababu ukoo wao una jina moja ambalo halina mwingine huku Pwani, na ukimtaja baba umeshamtaja mwana. Yule kijana simjui. Sijasikia ubaya wake. Yumo darasani huko anafundisha, na ni mtoto wa watu.